Ramani za Ulimwengu za Kale na Watu Waliozichora

Mtu asimamaye Kipini, mahali mto Ozi unapoingia baharini, huona mambo mawili kwa wakati mmoja. Mbele yake ni Bahari ya Hindi, ambayo vyombo vimeivuka kwenda Arabuni na Bara Hindi kwa muda wa miaka elfu na zaidi. Nyuma yake ni maji yaliyotoka mbali sana barani, kwenye milima ya Nyandarua na Mlima Kenya, yakasafiri yapata kilometa 1,000 kabla ya kufika hapo. Mahali kama hapo, penye mlango wa mto mkubwa na bahari ya biashara, mtu angedhani pamechorwa katika kila ramani ya zamani. Lakini sivyo. Katika ramani mashuhuri za ulimwengu zilizochorwa baina ya mwaka 800 na mwaka 1500, jina la Ozi, kama tulitamkavyo sisi, halisomeki. Malindi imo, Mombasa imo, Unguja imo, hata Sofala ya mbali imo, Ozi haimo.

Si kwamba hapakuwa na watu. Karibu na Kipini, ukingoni mwa bahari, yako magofu ya mji wa Ungwana, yenye msikiti mkubwa wa Ijumaa na makaburi ya mawe yaliyojengwa kwa ustadi. Bwana James Kirkman alichimba huko katika miaka ya 1950, na kitabu chake juu ya mji huo kilitolewa mwaka 1966. Alionyesha kuwa watu walikaa pale kwa karne nyingi kabla ya Wareno kuja. Tena Kipini kwenyewe watu huonyesha kaburi la Fumo Liongo, ambaye sifa zake zajulikana pwani nzima. Basi swali letu katika makala hii si kama watu walikuwapo. Swali ni hili: mtu aliyekaa Baghdad, au Sicily, au Venice, akiwa na kalamu na ngozi mbele yake, alipataje habari za pwani yetu? Alimwuliza nani? Na kwa nini mahali pengine palimfikia na pengine hapakumfikia?

MWALIMU WA WOTE

Mwalimu wa wachora ramani wote wa zamani alikuwa mtu wa Iskanderia, katika nchi ya Misri, jina lake Ptolemy, aliyeandika kwa lugha ya Kiyunani yapata mwaka 150 baada ya kuzaliwa Kristo. Kazi yake kubwa ilikuwa kuorodhesha miji, milima na rasi, na kila kimoja kukipa hesabu mbili, moja ya upande wa mashariki na magharibi, ya pili ya upande wa kaskazini na kusini, ili mtu yeyote apate kuchora ramani hata kama hakuwahi kuiona ya Ptolemy mwenyewe. Wachora ramani wa leo bado hutumia akili hiyo hiyo.

Katika pwani yetu aliujua mji mmoja uitwao Rhapta. Habari za huku alizipata katika maandiko ya mtu aliyemtangulia, ambaye naye alizipata kwa mabaharia. Mmoja wao aliitwa Diogenes. Huyu alikuwa akirudi kutoka Bara Hindi, na alipokaribia rasi ya Wasomali alisukumwa na upepo wa kaskazini siku 25, nchi ya Afrika ikiwa upande wake wa kulia, mpaka akafika karibu na Rhapta. Msomaji wa pwani hana haja ya kuelezwa upepo huo; kila mwaka anauona ukileta majahazi, naye huuita kaskazi. Ptolemy aliandika pia kwamba mto Nile hutoka katika maziwa yaliyo barani, na kwamba maziwa hayo hupata maji ya theluji kutoka katika milima iitwayo Milima ya Mwezi. Watu wa Ulaya waliyabisha maneno ya theluji mpaka karne ya 19, wakati Rebmann alipouona Kilimanjaro mwaka 1848 na Krapf alipouona Mlima Kenya mwaka 1849, na hata baada ya hapo wengine waliendelea kubisha.

Walakini bwana huyo alikosea jambo moja kubwa. Alidhani nchi ya Afrika, baada ya kushuka kusini, huzunguka kwenda mashariki hata ikaungana na nchi ya mashariki ya mbali, na kwa hivyo Bahari ya Hindi imefungwa pande zote kama ziwa. Wanavyuoni wakubwa waliolirithi kosa hilo ni wengi, na lilidumu zaidi ya miaka 1,200.

ELIMU YAHAMIA BAGHDAD

Katika Ulaya ya Magharibi kitabu cha Ptolemy kilisahauliwa kwa muda mrefu. Hakikutafsiriwa kwa Kilatini ila mwanzoni mwa karne ya 15. Lakini huko Baghdad kilisomwa tangu karne ya 9. Khalifa al-Ma'mun, aliyetawala tangu mwaka 813 hadi 833, aliwakusanya wanavyuoni wa kila namna, akawatuma wengine jangwani kupima ukubwa wa dunia kwa kutazama nyota na kupiga hesabu ya mwendo wao. Mmoja wa wanavyuoni wa zama hizo alikuwa al-Khwarizmi, ambaye wanafunzi wa hesabu wanalijua jina lake. Yeye aliandika kitabu juu ya sura ya dunia, akizitengeneza upya hesabu za Ptolemy. Nakala yake moja, iliyoandikwa mwaka 1037, iko mpaka leo katika mji wa Strasbourg, na ndani yake mna ramani ya mto Nile ukitoka milimani na kupita maziwani.

Wengi wa watu hawa hawakuondoka kwao. Al-Mas'udi alikuwa tofauti. Alikuwa mtu wa Baghdad, na alifika yeye mwenyewe katika bahari yetu. Aliandika kwamba safari yake ya mwisho kutoka kisiwa cha Kanbalu kwenda Oman ilikuwa katika mwaka wa 304 wa Hijra, yaani mwaka 916 au 917. Wataalamu wengi hukiona kisiwa hicho kuwa ni Pemba. Alisema amesafiri bahari nyingi, ila hakuona yenye hatari kama hii ya Zanj, ambayo mawimbi yake ni kama milima. Chombo alichosafiria kilikuwa cha ndugu wawili wa mji wa Siraf, na baadaye ndugu hao walizama na chombo chao pamoja na wote waliokuwamo. Haya tunayataja ili msomaji ajue thamani ya jina moja katika ramani ya kale. Jina hilo lilinunuliwa kwa roho za watu.

Karne moja baada yake mtu mmoja wa Misri, ambaye hakulitaja jina lake, alitunga kitabu juu ya maajabu ya mbingu na nchi. Nakala yake iliyoandikwa yapata mwaka 1200 ilinunuliwa na maktaba ya Bodleian ya Oxford mwaka 2002, na wanavyuoni walipoifungua walistaajabu. Mna ramani ya Bahari ya Hindi yenye umbo la yai, na ndani yake vimeandikwa visiwa vya Unguja na Kanbalu. Ni miongoni mwa maandiko ya zamani kabisa tuliyo nayo yanayolitaja jina la Unguja, tena laandikwa karibu kama litamkwavyo na Mswahili wa leo. Mtu wa Misri hawezi kubuni neno kama hilo. Lilitoka kinywani mwa baharia, na baharia alilisikia kwa wenyeji.

MFALME MKRISTO NA SHARIFU MWISLAMU

Sasa tufike kwa yule aliye mkubwa wao wote. Al-Sharif al-Idrisi alizaliwa yapata mwaka 1100 katika mji wa Ceuta, kaskazini ya Moroko, akasoma Cordoba, na baadaye akaitwa na Mfalme Roger wa Pili wa kisiwa cha Sicily. Mfalme huyu alikuwa Mkristo, wa kabila la Wanorman waliotoka Ufaransa. Mgeni wake alikuwa Mwislamu wa ukoo wa Mtume. Wakati ule Wakristo na Waislamu walikuwa wakipigana huko Shamu kwa ajili ya Yerusalemu. Hata hivyo watu hawa wawili walikaa pamoja Palermo, wakafanya kazi moja kwa muda wa miaka kumi na mitano.

Namna walivyoifanya ndiyo inayostahili kuangaliwa sana. Kwanza walivisoma vitabu vya waliotangulia, wakakuta vinapingana. Ndipo mfalme akaamuru waitwe watu waliosafiri. Kila msafiri aliulizwa, pengine peke yake, pengine pamoja na wenziwe. Pale walipokubaliana, habari iliandikwa. Pale walipohitilafiana, iliachwa. Habari zilizokubaliwa zilipimwa kwa bikari ya chuma juu ya ubao, mji mmoja baada ya mmoja, mpaka umbali wa mahali na mahali ukaridhisha. Kisha mfalme akaamuru ifuliwe sahani kubwa ya fedha tupu, na juu yake wakachora nchi, bahari, mito na miji. Kitabu cha kuieleza sahani hiyo kilikamilika mwezi wa Januari mwaka 1154, na mfalme akafa mwezi uliofuata. Sahani ya fedha haipo tena. Kitu cha fedha nyingi namna ile hakikai salama katika nchi yenye fitina. Lakini kitabu kilinakiliwa, na nakala zipatazo kumi zimebaki, nyingine zikiwa na ramani zake.

Idrisi aliigawanya dunia iliyojulikana katika kanda saba toka kusini hadi kaskazini, na kila ukanda akaukata vipande kumi, hata akapata ramani 70. Mtu azitazamaye kwa mara ya kwanza huchanganyikiwa, kwa sababu kusini iko juu na kaskazini iko chini. Hiyo ilikuwa desturi ya wachora ramani wengi wa Kiislamu, wala si kosa; dunia ni mviringo, haina juu wala chini. Sisi tumezoea kaskazini kuwa juu kwa sababu tumelelewa hivyo.

Je, aliandika nini juu yetu? Malindi, asema, ni mji mkubwa wa Zanj ulio kando ya bahari, kwenye mlango wa mto wa maji matamu. Watu wake huwinda barani na kuvua baharini, nao wana machimbo ya chuma ambayo ndiyo biashara yao yenye faida kubwa. Kutoka hapo hadi Mombasa ni mwendo wa siku mbili kwa bahari. Mombasa anautaja kuwa mji mdogo, lakini ndiko akaako mfalme wa Zanj, na askari wake huenda kwa miguu kwa kuwa wanyama wa kupandwa hawaishi huko. Juu ya Unguja anasema chakula cha watu ni ndizi, nazo ni za aina tano. Moja aitaja kwa jina la tembo kwa ukubwa wake, na nyingine yaitwa sukari. Msomaji aliyenunua ndizi za kisukari sokoni juzi atacheka kuona kwamba mtu wa Palermo alikuwa na habari zake miaka zaidi ya 850 iliyopita.

Hata hivyo, mwanachuoni huyu aliyejua majina ya ndizi aliikosea pwani nzima. Katika ramani yake nchi ya Zanj haiteremki kusini, bali inakwenda mashariki, sambamba na Bara Hindi, hata Sofala ikawa ng'ambo ya visiwa vya mashariki ya mbali. Twaweza kuona jinsi ilivyotokea. Msafiri akikuambia kwamba toka Malindi hadi Mombasa ni siku mbili, amekupa urefu wa njia, lakini hajakupa upande wake. Idrisi aliwauliza wasafiri wake siku, akapata siku. Upande aliuchukua kwa Ptolemy, ambaye heshima yake ilikuwa kubwa mno. Mwanachuoni mmoja, al-Biruni, aliyekufa yapata mwaka 1050, alikwisha sema kwamba bahari hii hupita kusini ya Afrika na kukutana na bahari ya magharibi. Lakini neno lake halikufika kwenye ubao wa Palermo.

Na hapa tunaona pia kwa nini Ozi ilipitwa. Wasafiri walioulizwa walikuwa wafanyabiashara na mabaharia, na baharia hutaja bandari anamotia nanga. Ghuba yetu ina maji machache karibu na nchi, na mlango wa mto una mafungu ya mchanga yanayoumuka mawimbi. Nahodha mwenye shehena ya Malindi hujiweka mbali na huko, akaona ufuo tu kwa mbali, na miti. Mpokomo aliyekuwa akipanda mpunga kwa maji yanayosukumwa na bahari kujaa na kupwa hakuwa na sababu ya kufika Sicily, wala hakuna aliyemfuata kumwuliza.

RAMANI ILIYOKUWA KICHWANI

Wakati wanavyuoni wakibishana juu ya upande wa pwani, marubani wa majahazi walikuwa wakiujua vizuri. Hawakuujua kwa vitabu vya Ptolemy. Waliujua kwa nyota. Baharia atokaye Oman huona nyota ya Jaa, yaani Nyota ya Kaskazini, ikiwa juu ya upeo wa bahari, na kila siku asafiripo kwenda pwani yetu huiona ikishuka. Kama pwani ingalikwenda mashariki, kama alivyochora Idrisi, nyota hiyo isingalishuka. Alipofika karibu na Lamu na Kipini ilikuwa imekwisha zama, kwa sababu mahali hapo pamevuka mstari wa katikati wa dunia kwa digrii mbili na zaidi. Hapo rubani alitumia nyota nyingine za kaskazini zilizo juu zaidi, kama zile mbili Waarabu waziitazo Farkadani, na zile za Dubu Mkubwa.

Kipimo chake kilikuwa kidole. Mtu akinyosha mkono mbele yake, upana wa kidole kimoja huficha sehemu ndogo ya mbingu. Waarabu walihesabu vidole 224 kuzunguka mbingu yote. Ili asikosee, rubani alitumia kibao kidogo chenye uzi uliofungwa mafundo. Aliuma fundo kwa meno, akanyosha uzi, akaweka ncha ya chini ya kibao juu ya upeo wa bahari na kutazama kama ncha ya juu inaigusa nyota. Kila bandari ilikuwa na vidole vyake. Aliyejua vidole vya Malindi na vidole vya bandari ya ng'ambo aliweza kuvuka maji matupu majuma mengi bila kuona nchi. Bwana mashuhuri wa elimu hii alikuwa Ahmad ibn Majid wa Julfar, katika nchi iitwayo leo Ras al-Khaimah, aliyetunga mashairi na vitabu ili wanafunzi wahifadhi njia kwa moyo. Kitabu chake kikubwa ni cha yapata mwaka 1490.

Mabaharia wa Kichina nao waliandika habari za namna hii. Majahazi yao makubwa, chini ya Amiri Zheng He, yalifika pwani hii mwanzoni mwa karne ya 15, na mwaka 1415 twiga kutoka Malindi alipokewa katika mji wa mfalme wa China. Ramani iliyotokana na safari hizo inazitaja Malindi na Mombasa.

WATU WASIO NA VICHWA

Tukirudi Ulaya, tunakuta ramani za namna nyingine kabisa. Katika kanisa kubwa la Hereford, Uingereza, imetundikwa ramani iliyochorwa yapata mwaka 1300 juu ya ngozi ya ndama mmoja, urefu wake zaidi ya futi tano. Mashariki iko juu, na Yerusalemu iko katikati kabisa. Aliyeichora hakuwa na nia ya kumfikisha mtu Malindi. Alitaka kuonyesha mambo yote ya dunia mahali pamoja: bustani ya Edeni, safina ya Nuhu, miji ya wafalme, wanyama na ndege. Na ukingoni mwa Afrika, mahali tulipo sisi, amepanga safu ya viumbe vya ajabu, wakiwamo watu wasio na vichwa, macho yao yakiwa vifuani. Habari hizi hazikutoka kwa msafiri yeyote. Zilinakiliwa kutoka vitabu vya Warumi wa kale, kila mmoja akimwamini aliyemtangulia. Zaidi ya hayo, mwandishi amekosea akaandika neno Afrika juu ya Ulaya na neno Ulaya juu ya Afrika, kwa herufi kubwa za dhahabu, na hakuna aliyemsahihisha. Maadam hakuna Mwafrika aliyekuwapo chumbani, nani angesema?

Tulinganishe na Fra Mauro, mtawa wa kisiwa cha Murano karibu na Venice, aliyechora ramani yake yapata mwaka 1450. Yeye alikuwa na masikio. Katika mji wa biashara kama Venice walifika wasafiri wa kila nchi, na watawa wa Kihabeshi walipofika Italia aliwaendea, nao wakamchorea kwa mikono yao mito, milima na majimbo ya kwao pamoja na majina. Ameyaandika hayo katika ramani yenyewe. Ramani hiyo ni ya mviringo, kipenyo chake karibu mita mbili, na kusini iko juu. Mna Sofala, mna Zanzibar. La muhimu kuliko yote, amekataa habari ya bahari iliyofungwa. Ameandika wazi kwamba Bahari ya Hindi si ziwa, na kwamba vyombo vimekwisha zunguka upande wa kusini wa Afrika. Alijua kwamba watu wangemlaumu kwa kumwacha Ptolemy, akajitetea kwamba huwezi kushuhudia mambo ya sasa kwa maneno ya zamani tu. Mfalme wa Wareno alilipa fedha apelekewe nakala ya ramani hiyo, nayo ikapelekwa mwaka 1459.

RUBANI ASIYE NA JINA

Miaka 39 baadaye Vasco da Gama alitia nanga Malindi. Mfalme wa Malindi alimpa rubani, wakaondoka tarehe 24 Aprili 1498, na baada ya majuma manne hivi wakafika karibu na Calicut. Mwandishi wa Kireno João de Barros anasimulia kwamba rubani huyo alimwonyesha Vasco da Gama ramani ya pwani yote ya Bara Hindi, yenye mistari midogo iliyokatana, na kwamba alipoonyeshwa vyombo vya Kireno vya kupimia jua hakushangaa hata kidogo. Alisema mabaharia wa Bahari ya Shamu wanavyo vya aina hiyo.

Watu wengi wamefundishwa kwamba rubani huyo alikuwa Ahmad ibn Majid. Habari hiyo yatoka kwa mwandishi wa Maka wa karne ya 16, na wataalamu wengi wa leo hawaikubali, kwa kuwa Wareno wenyewe wanasema alikuwa mtu wa Gujarati. Barros anamwita Malemo Cana. Lakini hilo nalo si jina. Malemo ni neno maalim, yaani mtu ajuaye njia ya bahari, na Cana ni neno la Kihindi la mtu apigaye hesabu za nyota. Vyeo viwili, jina hakuna. Mtu aliyewavusha Wareno bahari, na kuifungua njia iliyobadilisha mambo ya dunia nzima, ameandikwa kwa kazi yake tu.

Baada ya hapo ramani zilibadilika upesi. Mnamo mwaka 1502 mtu aitwaye Alberto Cantino alinunua kwa siri huko Lisbon ramani iliyofanana na ile ya serikali ya Wareno, akampelekea Mtawala wa Ferrara katika Italia. Inaonyesha pwani yetu ikiteremka kusini kama ilivyo kweli, yenye Malindi, Mombasa na Kilwa. Ramani hiyo iliokotwa katika karne ya 19 katika duka la mwuza nyama, na sasa imewekwa katika maktaba ya Modena.

Na hapo ndipo Ozi ilipoingia katika maandiko ya Wareno, kwa njia ya huzuni. Mfalme wa Malindi aliwashitakia Wareno jirani zake waliokuwa maadui zake, na mmojawapo alikuwa Sheikh wa mji walioutaja kwa jina la Hoja. Jina hilo ni Ozi katika ulimi wa Kireno, na mji wenyewe hudhaniwa kuwa ni Ungwana. Mwaka 1507 Tristão da Cunha alifika na merikebu zake. Sheikh alijibu kwamba yeye yu chini ya Sultani wa Misri na hawezi kufanya mapatano bila idhini yake. Wareno wakashuka ufuoni, wakamwua Sheikh na watu wengi, wakauteka mji na kuuchoma moto. Ghuba iliyo mbele ya mji huo wakaiita Formosa, maana yake Nzuri, na jina hilo likakaa katika ramani za mabaharia kwa karne nyingi. Leo ramani zinaandika Ghuba ya Ungwana.

Mto wenyewe nao haukukaa palipoandikwa. Zamani Tana na Ozi ilikuwa mito miwili, Tana ikiingia baharini kusini zaidi, na Ozi ikiingia Kipini. Katika karne ya 19 Sultani wa Witu alichimbisha mfereji wa Belezoni, ili mitumbwi ipate kuvuka toka mto mmoja hadi wa pili na kufikisha bidhaa Kau. Mfereji ulikuwa mwembamba, lakini mafuriko hayakuomba ruhusa. Mwishoni mwa karne hiyo maji ya Tana yaliupanua yakaufanya njia yao, na sasa mto wote hutokea Kipini. Kwa hiyo ramani ya mwaka 1850 inayoonyesha midomo miwili si ya uwongo, wala si ya kutumiwa leo. Wakulima na wafugaji wa huku wanalielewa jambo hili kuliko mtu wa mjini, kwa sababu shamba la Mpokomo lililo ukingoni na malka ya Waorma, yaani njia ya kupeleka ng'ombe mtoni kunywa maji, vyote viwili hufuata mto uendako. Na mpimaji achoraye mashamba bila kuziuliza pande zote mbili malka ilipo huacha nyuma yake karatasi safi na ugomvi.

Msomaji atakayepata nakala ya ramani ya Idrisi, kama ile iliyounganishwa na Mjerumani Konrad Miller mwaka 1928, aigeuze kwanza juu chini. Kisha aitafute Barawa, na baada yake Malindi. Ozi iko baina ya majina hayo mawili.